Basi la Morogoro Kwenye Barabara za Indonesia

Kijana wa Morogoro akicheza gemu la mabasi hataki basi la Jakarta. Anataka basi la kampuni ya Abood au BM, lenye rangi zile zile anazoziona stendi ya Msamvu. Gemu lenyewe ni Bus Simulator Indonesia, ambalo wachezaji huliita BUSSID. Lilitengenezwa na kampuni ya Maleo ya Indonesia na kutoka mwaka 2017. Ndani yake hakuna Msamvu wala mbuga ya Mikumi. Miji ni ya Indonesia na mabasi ni ya huko huko. Ila Waindonesia huendesha upande wa kushoto wa barabara kama sisi, usukani ukiwa kulia na mlango wa abiria kushoto. Kwa hiyo basi letu likiingizwa humo linakaa sawasawa, na nadhani hiyo ni sababu mojawapo iliyofanya gemu hili lipendwe Tanzania na Kenya.

Mimi ni fundi simu hapa Mzinga. Kazi yangu ni vioo, betri na sehemu za kuchajia, lakini jioni shule zikifungwa wanakuja wateja wa aina nyingine: vijana ambao modi zao zimegoma. Nawapenda wateja hawa, na nadhani wazazi wengi hawajui watoto wao wanajifunza nini kwenye modi hizo.

Modi ni faili la ziada linalobadilisha au kuongeza kitu ndani ya gemu, na kwa kawaida hutengenezwa na wapenzi wa gemu wenyewe. Kwenye BUSSID kuna vitu viwili ambavyo watu huvichanganya. Kimoja ni modi ya gari, yaani umbo lote la basi: bodi, vioo, matairi, viti. Faili lake mara nyingi huishia na .bussidvehicle. Kingine ni skini, picha ya PNG yenye rangi na maandishi ya kampuni, ambayo basi huvishwa. Kuna vijana wa Tanzania na Kenya wanaochora skini hizi na kuzigawa bure WhatsApp, Telegram na YouTube. Ni kazi ya saa nyingi, na wengi wao wanaifanyia kwenye simu.

Kuweka modi hakuna uchawi. Lifungue gemu kwanza, ukubali ombi lake la kutumia hifadhi ya simu, kisha ulifunge. Hapo linatengeneza folda yake, na ndani yake kuna folda ya Mods. Modi uliyopakua ikiwa imefungwa kwenye zip au rar, ifungue kwa programu kama ZArchiver. Ikidai neno la siri, aghalabu limetajwa kwenye video ya aliyeitoa. Faili la gari lihamishie kwenye Mods. Skini iache mahali utakapopakumbuka, kwa sababu utaichagua ukiwa ndani ya gemu, kwenye gereji.

Malalamiko ninayoyasikia zaidi ni kwamba basi halionekani gereji. Karibu kila mara faili bado limo ndani ya zip, au limewekwa kwenye folda isiyo sahihi. Wengine wamefuata video ya zamani. Kuanzia Android 11, iliyotoka mwaka 2020, Google iliminya uhuru wa programu kuingia kwenye folda za programu nyingine, hivyo njia iliyoonyeshwa kwenye video ya miaka ya nyuma huenda kwenye simu yako haifiki. Angalia pia toleo la gemu. Gemu likijisasisha lenyewe usiku, modi ya jana inaweza kukataa leo, nawe ukadhani simu imekufa.

Tatizo la pili nililiona kwa mwanafunzi wa sekondari aliyekuja na simu ya mama yake.

"Kaka, shikamoo. Basi langu limeharibika."

"Marahaba. Hebu nione."

Jina la kampuni lilikuwa limepanda juu ya paa, mistari ya ubavuni imekatika, na kioo cha mbele kimepakwa rangi. Nikamuuliza skini ilichorwa kwa ajili ya basi gani. Akalisoma tena jina la faili: Yutong. Basi alilokuwa ameliweka lilikuwa Scania yenye bodi ya Marcopolo. Kila umbo la basi lina mchoro wake unaosema kipande kipi cha picha kinakaa wapi, kama shati lililokatwa kwa kipimo cha mtu mmoja. Tulipoweka skini ya bodi ile ile, kila kitu kikarudi mahali pake.

Tatizo la tatu ni gemu kukwama au kujizima. Hapa inafaa kufanya hesabu. Skini ya pikseli 2048 kwa 2048 inaweza kuwa faili la MB 2 tu, lakini ikifunguliwa bila kubanwa inachukua takriban MB 16 za memori, kwa kuwa kila pikseli ni baiti 4. Ongeza bodi yenye viti na taa zilizochorwa kwa undani, na simu yenye RAM ya GB 2 inaelemewa. Tafuta modi nyepesi, na funga programu nyingine kabla ya kucheza.

Ukiwa na modi nyingi na hujui ipi inaleta balaa, usifute gemu na kumaliza bando la mama kulipakua upya. Hamisha modi zote nje ya folda, kisha fungua gemu. Likifunguka vizuri, rudisha nusu ya modi. Likigoma, mbaya imo kwenye nusu hiyo. Lisipogoma, imo kwenye nusu iliyobaki. Endelea kugawa nusu kwa nusu. Kati ya modi 16, mbovu moja inapatikana kwa majaribio manne. Mimi hutumia akili hiyo hiyo kutafuta hitilafu kwenye bodi ya simu: jaribu kitu kimoja, angalia kilichobadilika, ndipo uende kingine. Mtoto aliyezoea hivyo ameshaanza ufundi.

Kuna jambo moja ambalo sina huruma nalo: APK, yaani faili za kusakinishia programu, za gemu lililochakachuliwa, zinazoahidi pesa bila kikomo. Modi ya kweli ni faili linalokaa kwenye folda. Haiombi kusoma meseji, haiombi majina ya watu wako. Programu ikiomba meseji, inaomba namba za uthibitisho za benki na taarifa za M-Pesa na Airtel Money. Ikatae na uifute hapo hapo.

Mzazi, kabla ya kumnyang'anya simu, mwombe mwanao akuonyeshe ameweka nini na amekitoa wapi. Kijana, ukiipenda skini ya mwenzako, usifute jina lake ili kuweka lako. Na simu ikiwa ya mama, modi iwekwe yeye akijua.