Mapenzi, Sinema na Kamba ya Marangu

Mwezi uliopita mimi na mume wangu tuliondoka Moshi mjini tukapanda Marangu kupumzika. Tukaagiza ndizi nyama, ubishi ukaanza. Yeye husema filamu ni burudani tu, siasa iachwe bungeni. Basi nikamsimulia habari za Bayume Mohamed Husen.

Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, baba yake askari wa Wajerumani. Naye akiwa bado mtoto akawapigania Vita vya Kwanza. Mwaka 1929 akafika Berlin kudai mshahara wao, akaambulia patupu. Hakurudi. Akawa mhudumu wa mgahawa, akafundisha Kiswahili chuo kikuu, akaingia kwenye sinema. Alionekana katika filamu zaidi ya 20, kadhaa zikiwa propaganda ya kutaka makoloni yarudishwe. Si unajua alipewa nafasi gani? Mtumishi, tena mtumishi!

Januari 1933 alimwoa Maria Schwandner, Mjerumani. Siku chache baadaye Hitler akashika madaraka. Jamani, fungate hiyo!

Nafasi yake kubwa ilikuja mwaka 1941 katika "Carl Peters" ya mwongozaji Herbert Selpin, Hans Albers akiwa Peters. Hapo mume wangu akaacha kula. Maana Peters huyo mwaka 1891 alikuwa mkuu wa Wajerumani hukuhuku Kilimanjaro, kituo chake Marangu. Alimnyonga mtumishi wake Mabruk, halafu Jagodja, msichana wa Kichagga aliyekuwa hawara yake. Mabruk alisingiziwa wizi. Wengi waliamini ni wivu, kwamba wawili hao walikuwa na lao. Mwaka 1897 Ujerumani yenyewe ilimfukuza kazi. Hitler akamsafisha mwaka 1937, filamu ikamfanya shujaa, na Husen akacheza Ramasan, mwongoza njia wake mwaminifu.

Mwaka uleule wa filamu, Husen akakamatwa. Kosa? Kuwa na uhusiano na mwanamke wa kizungu. (Ndiyo, alikuwa na nyumba ndogo, simtetei. Maria alilea hadi mtoto wa nje.) Bila kesi alipelekwa kambi ya Sachsenhausen, akafia humo Novemba 24, 1944.

Tangu mwaka 2007 kuna kijiwe chenye jina lake barabarani Berlin, mbele ya nyumba aliyoishi.

"Na Jagodja je?" mume wangu akauliza.

Nikamwita mhudumu, nikamuuliza kama amewahi kulisikia jina hilo. Akatazama daftari la wageni, akasema, "Samahani dada, alipanga chumba kwa jina hilohilo?"