Ucheleweshaji katika Mashauri ya Kuvunja Ubia wa Biashara: Mfano wa Kilosa na Mikumi

Makala hii inaeleza namna mahakama za Tanzania zinavyoshughulikia ucheleweshaji katika migogoro ya kuvunja ubia. Hoja yake ni kwamba kuchelewa kufungua shauri na kuchelewa kukata rufaa ni mambo mawili tofauti kisheria, na mbia asiyeijua tofauti hiyo anaweza kupoteza haki yake kabla ya ushahidi kusikilizwa.

Kifungu cha 190 cha Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kinautambua ubia kuwa ni uhusiano wa watu wanaofanya biashara kwa pamoja kwa nia ya kupata faida. Kwa ufafanuzi tu, tuchukulie wabia wawili wenye mashine ya kukoboa mpunga mjini Kilosa na nyumba ya wageni Mikumi. Wanatengana kwa maneno. Mmoja anabaki na mali pamoja na daftari za mapato. Mwenzake anategemea vikao vya wazee kwa miaka saba, ndipo anafungua shauri katika Mahakama ya Wilaya ya Kilosa.

Kwa mujibu wa Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89, madai yatokanayo na mkataba yana ukomo wa miaka 6. Kifungu cha 3 kinaitaka mahakama kulitupa shauri lililopitwa na muda, hata kama mdaiwa hakuweka pingamizi. Vikao havisimamishi muda: Mahakama ya Rufani ilisisitiza hivyo katika Rufaa ya Madai Na. 265 ya 2020, iliyohusu Shirika la Hifadhi za Taifa. Hata hivyo, maandishi ya kukiri deni yaliyotiwa saini huanzisha hesabu upya.

Aidha, kifungu cha 14 kinaipa mahakama mamlaka ya kuongeza muda wa rufaa na maombi, si wa kufungua shauri. Kwa shauri, mamlaka hayo ni ya Waziri chini ya kifungu cha 44, na nyongeza haizidi nusu ya muda uliowekwa.

Mbia aliyeshindwa katika Mahakama ya Wilaya ana siku 90 za kukata rufaa Mahakama Kuu. Akichelewa, hupimwa kwa vigezo vya shauri la Lyamuya Construction, Maombi ya Madai Na. 2 ya 2010: aeleze kipindi chote alichochelewa; ucheleweshaji usiwe wa kupita kiasi; aoneshe bidii, si uzembe; na kama ipo sababu nyingine nzito, kama vile uharamu katika uamuzi unaopingwa, aibainishe. Katika Maombi ya Madai Na. 3 ya 2007, Mahakama ya Rufani ilitamka kuwa hata siku moja lazima itolewe maelezo.

Hivyo basi, usuluhishi wa wazee wa Kilosa na Mikumi una thamani pale tu unapozaa maandishi yenye tarehe ya kuvunjika kwa ubia, kiasi kinachodaiwa na saini. Pasipo hayo, subira ya mbia mmoja hugeuka kinga ya mwenzake.