Nyambizi za Nyuklia na Amani ya Bahari ya Hindi

Katika madarasa ya siasa ya matawi yetu, somo la ubeberu hufundishwa zaidi kwa mifano ya nchi kavu: mashamba ya mkonge, migodi, reli na mabenki. Bahari husahauliwa kana kwamba ni maji tu. Hata pale Kariakoo, ambako vitenge, vyombo vya plastiki na simu zinazojaza maduka zimevuka Bahari ya Hindi ndani ya makontena, mwanachama anaweza kueleza vizuri sana habari za ushuru wa bandarini na bei ya dola, lakini ukimwuliza ni nani mwenye nguvu juu ya njia ile ya baharini, na kwa faida ya nani, hana jibu. Makala haya yanaeleza chombo kimoja kinachotawala njia hiyo bila kuonekana, nacho ni nyambizi ya mashambulizi inayoendeshwa kwa nguvu za nyuklia. Kukielewa chombo hicho si kazi ya wanajeshi peke yao.

Kwanza tutofautishe. Nyambizi za nyuklia ziko za aina mbili kubwa. Moja hubeba makombora ya masafa marefu yenye vichwa vya nyuklia, na kazi yake ni kujificha na kungoja siku ambayo wote tunaomba isifike. Ya pili, ambayo ndiyo tunayoizungumza hapa, huwinda meli na nyambizi nyingine, hupeleleza, na hupiga shabaha za nchi kavu. Neno "nyuklia" katika jina la hii ya pili lahusu injini, si lazima silaha. Watu wengi huchanganya mambo haya mawili, na mchanganyiko huo una madhara ya kisiasa, kama tutakavyoona chini.

Meli ya vita ya zama za mvuke ilikuwa mfungwa wa makaa ya mawe. Kuujua ukweli huu hatuna haja ya kwenda mbali. Ushahidi uko kwenye delta ya Rufiji. Vita ya Kwanza ya Dunia ilipoanza mwaka 1914, Wajerumani walikuwa na manowari moja ya maana katika pwani yetu, SMS Königsberg. Ilikuwa na mwendo, ilikuwa na mizinga 10 ya milimita 105, ilikuwa na mabaharia waliofunzwa. Kilichoitesa ni makaa. Mwezi Agosti iliikamata meli ya mizigo ya Uingereza, City of Winchester, ikapakua makaa yake kabla ya kuizamisha. Waingereza kwa upande wao waliyanunua makaa yaliyokuwako Beira ili yasiifikie. Septemba 20 iliingia bandari ya Unguja alfajiri na kuizamisha HMS Pegasus, iliyokuwa imetia nanga kutengenezwa mitambo. Ulikuwa ushindi mkubwa, lakini baada yake Königsberg haikuweza kwenda popote: mitambo yake nayo iliharibika, na makaa ya kurudia kwao Ujerumani hayakuwapo. Ikajificha ndani ya mikoko ya Rufiji, ikafungiwa humo kwa miezi, na Julai 11, 1915 ikamalizwa.

Mizinga yake haikuachwa pale. Iliopolewa, ikavutwa na mamia ya Waafrika hadi Dar es Salaam, ikatengenezwa katika karakana ya mji huu na kupelekwa kwenye vita ya nchi kavu. Waingereza nao, walipouteka mji Septemba 1916, walikuja na wapagazi wao wa Carrier Corps, na kambi ya wapagazi hao ndiyo iliyotupa jina la Kariakoo. Makumi ya maelfu ya wapagazi walikufa kwa njaa, kuhara na malaria katika vita isiyowahusu. Kwa hiyo mwenye duka Mtaa wa Kongo asiseme kwamba mambo ya manowari ni ya wazungu na ya mbali. Jina la mahali anapofanyia biashara ni matokeo yake.

Mafuta yalipochukua nafasi ya makaa, kifungo kililegea lakini hakikuisha. Nyambizi za Vita Kuu zote mbili ziliendeshwa kwa dizeli zikiwa juu, na kwa betri zikiwa chini. Dizeli huhitaji hewa, na betri huisha. Kila baada ya saa chache, au siku chache ikienda polepole, nyambizi ya namna hiyo ililazimika kupanda juu, au angalau kutoa bomba lake la hewa, na hapo ndipo ilipoonekana na kuuawa. Kwa kweli ilikuwa meli ya juu yenye uwezo wa kuzama kwa muda.

Kinu cha nyuklia kilibadili jambo hilo kutoka mzizi. Atomi za urani zikipasuliwa hutoa joto, na kazi hiyo haihitaji hewa hata kidogo. Joto huchemsha maji, maji huwa mvuke, mvuke huzungusha mitambo na mitambo huzungusha pangaboi. (Msomaji ataona kwamba ni mvuke uleule wa Königsberg; kilichobadilika ni tanuri.) Umeme wa kinu hutosha pia kutengeneza maji ya kunywa kutokana na maji ya bahari, na kutoa oksijeni ya kuvuta. USS Nautilus ya Marekani, iliyokuwa ya kwanza duniani, ilianza kwenda kwa nguvu za nyuklia Januari 17, 1955, ikasafiri zaidi ya maili 60,000 kabla ya kinu chake kuwekewa urani mpya, na mwaka 1958 ikapita chini ya barafu ya Ncha ya Kaskazini. Urusi ya Kisovieti ilifuata na K-3 mwaka 1958, Uingereza na Dreadnought mwaka 1963 kwa kutumia mtambo wa Kimarekani, China katika miaka ya 1970, Ufaransa mwaka 1983. Nyambizi za Marekani za leo, za aina ya Virginia, zimeundwa zisihitaji kuongezewa urani maisha yao yote ya zaidi ya miaka 30. Tusisahau pia kwamba urani ya mwanzo ya mpango wa nyuklia wa Marekani ilitoka kwa sehemu kubwa Shinkolobwe, Katanga, kwa jasho la Wakongo.

Chombo hiki hufanya nini hasa? Mifano miwili yatosha. Mwaka 1982, Uingereza na Argentina zilipopigania visiwa vya Falkland, HMS Conqueror ilikwenda kutoka Scotland hadi Atlantiki ya Kusini bila kutafuta mafuta popote. Mei 2 iliizamisha meli ya Argentina, General Belgrano, na watu 323 wakafa. Ilikuwa meli ya kwanza kuzamishwa vitani na nyambizi ya nyuklia. La kushangaza ni kwamba topido zilizotumika zilikuwa za muundo wa zamani, wa tangu Vita ya Pili. Injini ndiyo iliyoshinda, maana ndiyo iliyoiwezesha Conqueror kumfuata adui wake kwa zaidi ya siku nzima bila kuonekana. Baada ya hapo manowari za Argentina zilirudi karibu na pwani yao zikabaki huko. Nyambizi chache, pengine moja tu, zilifunga jeshi zima la majini, kwa sababu hakuna aliyejua zilipo.

Mfano wa pili ni wa hapa Afrika. Machi 19, 2011, siku ya kwanza ya mashambulizi dhidi ya Libya, miongoni mwa vyombo vilivyorusha makombora ya Tomahawk kutoka Mediterania zilikuwamo nyambizi za mashambulizi USS Providence, USS Scranton na HMS Triumph. Siku hiyohiyo kamati ya wakuu wa nchi ya Umoja wa Afrika ilikuwa Nouakchott ikijiandaa kwenda Libya kesho yake kutafuta suluhu; ikanyimwa ruhusa ya kuruka. Mtu anaweza kuwa na maoni yake juu ya utawala wa Gaddafi, na mimi ninayo yangu. Lakini hoja hapa ni kwamba Afrika ilikuwa bado inapanga safari ya mazungumzo wakati wenye nyambizi walikwisha kuamua.

Wapo wanaosema kwamba chombo kisichohitaji mafuta hakihitaji tena kituo katika nchi ya mtu, na kwa hiyo nyuklia imeondoa ukoloni wa baharini. Hoja hii ni ya juujuu. Kinu hakichoki, lakini binadamu huchoka. Chakula huisha kwa miezi mitatu hivi, makombora yakirushwa lazima yapakiwe mengine, na mitambo huharibika. Nyambizi iliyo mbali na kwao yahitaji gati, karakana na ghala, na vitu hivyo hukaa juu ya ardhi. Ardhi ina wenyewe.

Chukua ramani, fuata mstari wa latitudo kutoka Dar es Salaam kwenda mashariki. Baada ya kilomita 3,600 hivi, karibu bila kupinda, utafika Diego Garcia. Kisiwa hicho ni cha funguvisiwa la Chagos, ambalo Uingereza ililikata kutoka Mauritius mwaka 1965 kabla Mauritius haijapewa uhuru. Mwaka 1966 ikakubaliana na Marekani kujenga kituo cha kijeshi. Malipo hayakutangazwa. Baadaye ikajulikana kwamba Uingereza ilipunguziwa dola milioni 14 katika ununuzi wa makombora ya Polaris, yaani makombora ya kuwekwa ndani ya nyambizi zake za nyuklia. Wenyeji, wengi wao wa asili ya watumwa waliotolewa Madagaska na Msumbiji, waliondolewa kati ya 1968 na 1973 na kutupwa Mauritius na Shelisheli. Mwaka 2010 meli ya kuhudumia nyambizi, USS Emory S. Land, iliwekwa hapo kwa miaka kadhaa. Watu wa kisiwa kizima walibadilishwa kwa punguzo la bei ya silaha. Sijui mfano ulio wazi zaidi wa ubeberu ni nini.

Tanzania haikukaa kimya. Novemba 1970 askari wa Kireno walikuja usiku kwa meli na kuivamia Conakry, Guinea. Januari 1971 Idi Amin alipindua serikali ya Uganda. Mwezi uliofuata TANU ilitoa Mwongozo, na wananchi wakaanza kufunzwa mgambo. Lakini mgambo wa Magomeni, hata awe hodari namna gani, hana la kufanya mbele ya chombo kilicho mita 200 chini ya bahari. Njia iliyobaki ilikuwa ya siasa. Sri Lanka, chini ya Bibi Sirimavo Bandaranaike, pamoja na Tanzania, zilipeleka Umoja wa Mataifa azimio la kuifanya Bahari ya Hindi Eneo la Amani. Desemba 16, 1971 Baraza Kuu lilipitisha Azimio namba 2832 kwa kura 61. Hakuna aliyepinga, lakini nchi 55 zilijizuia. Miongoni mwa waliojizuia walikuwamo Marekani, Uingereza, Ufaransa na Urusi ya Kisovieti. Mkutano wa utekelezaji uliopangwa kufanyika Colombo mwaka 1981 haukufanyika.

Tangu hapo wenye nyambizi wameongezeka. India ilikodi moja ya Kisovieti mwaka 1988, na nyingine ya Kirusi kutoka 2012 hadi 2021. China, rafiki yetu wa TAZARA, ilipeleka nyambizi ya nyuklia katika bahari hii mwishoni mwa 2013. Mwaka 2021 Australia, Uingereza na Marekani zilitangaza mapatano ya AUKUS ya kuipatia Australia nyambizi za namna hii. Kada asione haya kusema kwamba azimio la 1971 halikubagua. Liliyahusu mataifa makubwa yote, na rafiki akiingia na nyambizi bahari haiwi ya amani kwa sababu ya urafiki wake.

Sasa turudi kwenye lile neno. Mkataba wa Pelindaba, uliotiwa saini Cairo mwaka 1996 na kuanza kutumika 2009, unaifanya Afrika kuwa eneo lisilo na silaha za nyuklia. Haukatazi injini za nyuklia. Na juu ya meli za kigeni, Kifungu cha 4 kinaiachia kila nchi iamue yenyewe kuziruhusu au kuzikataa kutembelea bandari zake. New Zealand, nchi ndogo, ilipitisha sheria mwaka 1987 kuzizuia meli zinazoendeshwa kwa nyuklia kuingia katika maji yake ya ndani, ikavumilia hasira ya Marekani. Nasi wenye bandari za Dar es Salaam, Tanga, Mtwara na Unguja, tena wenye urani yetu Mto Mkuju kule Namtumbo, suala hilo linatuhusu moja kwa moja, na lafaa kujadiliwa matawini kabla meli haijaomba kibali.

Kuhusu Chagos, Februari 2019 Mahakama ya Kimataifa ya Haki ilitoa maoni kwamba uhuru wa Mauritius haukukamilishwa kihalali, na Mei mwaka huo Baraza Kuu likaitaka Uingereza iondoke, kwa kura 116 dhidi ya 6. Mei 22, 2025 Uingereza na Mauritius zilitia saini mkataba wa kurudisha visiwa. Kwa maneno ya mkataba huo, Mauritius itaweza kuwarejesha watu katika visiwa vingine vya Chagos. Diego Garcia, penye gati, itabaki kituo cha kijeshi kwa miaka 99.