Hotuba ya Dodoma na Kabichi za Tengeru

Paukwa! Pakawa! Leo sina sungura wala fisi, wanangu. Nina Waziri wa Fedha. Kila Juni husimama bungeni Dodoma akasoma hotuba ya bajeti, ndefu kuliko subira ya watu wengi: serikali itapata wapi fedha, itazitumia wapi. Ikifika Julai 1, maneno yale huanza kutembea. Tuone yalivyofika sokoni Tengeru, karibu na Arusha.

Tumchukue mama mmoja anayelima kabichi huko juu mlimani Meru na kuziuza siku ya soko, nyingi zikiishia kwenye mahoteli ya watalii. Mwaka 2019 nchi ilipokea watalii zaidi ya milioni 1.5, mwaka 2020, korona ilipoingia, laki sita na ushei tu. Mahoteli ya Arusha yakazima majiko, kabichi zikamdodea. Mumewe, mpagazi wa wapanda milima, akakosa kazi.

Serikali nayo mapato yalipungua, ikatupia jicho simu. Kuanzia Julai 15, 2021, ukituma au kutoa fedha kwa simu ukawa unakatwa tozo, kati ya shilingi 10 na 10,000, kulingana na kiasi. Ilisemwa fedha hizo ni za madarasa na vituo vya afya, na kweli vilijengwa. Lakini mama huyu ana kijana anayesoma Moshi. Anatuma, anakatwa, kijana anatoa, anakatwa tena! Akaona heri ampe kondakta wa basi bahasha. Wakala wa simu pale sokoni akashinda akipiga miayo. Kelele zilipozidi, tozo ikapunguzwa asilimia 30 Septemba ya mwaka ule ule, na bajeti ya 2023/24 ikaifuta ile ya kutuma. Kumbe kelele za wananchi nazo husomwa Dodoma.

Turudi nyuma kidogo. Mei 2022 petroli ikapita shilingi 3,000 kwa lita. Mwenye kirikuu akapandisha nauli ya mzigo, mama akapandisha kabichi, mama ntilie akapunguza kabichi sahanini. Juni serikali ikatoa ruzuku ya mafuta, shilingi bilioni 100. Kisha, katika bajeti ya 2022/23, ikaja ruzuku ya mbolea: mfuko wa DAP wa kilo 50, uliokuwa umepita laki moja na ishirini, ukauzwa 70,000 kwa mkulima aliyejiandikisha. Mama alijiandikisha.

Bajeti hiyo hiyo ilifuta pia ada ya kidato cha tano na sita. Kijana wa Moshi akaendelea na masomo, na hela aliyowekewa ya ada ikalipa deni la mbolea ya msimu uliopita.