Ligonge Jina Ulisikie

Wapwa zangu, njooni karibu. Leo tunagonga.

Mmewahi kumwona bibi akinunua chungu sokoni? Hatosheki na kukitazama kwa nje. Anakinyanyua, anakigonga kwa kifundo cha kidole: ngo, ngo! Chungu kizima kinalia. Chungu chenye ufa kinakoroma. Bibi akisikia mkoromo, anakirudisha chini taratibu na kuchukua kingine.

Maana za majina nazo zinataka kugongwa hivyo hivyo. Siku hizi mtoto akizaliwa, watu hawamsubiri shangazi aje. Wanafungua simu, wanatafuta majina ya watoto na maana zake. Simu inamwaga orodha ndefu: hili maana yake malkia, lile maana yake nyota, lile zawadi ya Mungu. Yote matamu. Lakini je, yote mazima?

“Mjomba, jina si chungu. Utaligongaje?”

Swali zuri mno hilo! Jina linagongwa kwa swali. Swali la kwanza: hili ni neno la lugha gani, na wenye lugha wanasemaje?

Haya, tumchukue Nala. Mnamjua, yule simba jike wa filamu ya The Lion King ya mwaka 1994. Orodha nyingi zinasema Nala ni Kiswahili, maana yake zawadi. Bahati nzuri wenye lugha ni sisi. Gonga! Nenda Lamu, nenda Unguja, nenda Kigoma, uliza zawadi inaitwaje. Mmoja atakuambia zawadi. Mwingine tunu. Mwingine hidaya. Nala hutaisikia.

“Lakini Mjomba, Simba ni Kiswahili! Na Rafiki pia ni Kiswahili, na wote wamo kwenye filamu hiyo hiyo!”

Kweli kabisa, na umefanya vyema kuuliza. Ila chungu kimoja kikiwa kizima, hakizibi ufa wa jirani yake. Kila kimoja kinagongwa peke yake. Aliyempenda Nala amwite mwanawe Nala, na Mungu amkuze. Asimwambie tu kwamba Waswahili wanaita zawadi hivyo.

Na kuna orodha zinazoandika “jina la Kiafrika”, kisha zinanyamaza. Hapo nawaomba msikubali kabisa. Hakuna lugha iitwayo Kiafrika. Tanzania peke yake ina lugha zaidi ya 120. Kulwa na Doto ni majina ya mapacha wa Wasukuma na Wanyamwezi: anayetangulia kuzaliwa ni Kulwa, anayefuata ni Doto. Otieno ni jina la Wajaluo, la mvulana aliyezaliwa usiku. Ukiandika “Kiafrika” tu, umewanyang’anya wenyewe jina lao.

“Je, jina moja linaweza kuwa na maana mbili, zote za kweli?”

Ehee! Huyu anagonga sawasawa. Linaweza. Asha wa pwani yetu ametokana na Aisha, jina la Kiarabu, maana yake aliye hai. Asha wa India, kama yule mwimbaji maarufu Asha Bhosle, jina lake ni la Kihindi, maana yake tumaini. Sauti moja, majina mawili, na vyungu vyote viwili vinalia. Ndiyo maana ukimpata Asha, humwambii maana ya jina lake kabla hujajua kwao ni wapi.

Sasa kaeni vizuri. Nina hadithi.

Palikuwa na binti aitwaye Vanessa. Alisoma kwenye simu ya mama yake kwamba jina lake ni la Kigiriki, maana yake kipepeo. Akafurahi! Akakimbilia uani kumtafuta wajina wake. Akamkuta juu ya ua, mabawa ya rangi ya chungwa, ncha nyeusi zenye madoa meupe.

“Hujambo, wajina! Asante kwa kunipa jina.”

“Sijambo,” akasema Kipepeo. “Lakini nani kakuambia nilikupa mimi?”

“Simu.”

“Uliigonga?”

Binti kimya.

“Basi sikiliza. Huko Ireland alikuwako mwandishi, Jonathan Swift, yule yule aliyeandika safari za Gulliver. Alikuwa na rafiki yake, mwanamke, Esther Vanhomrigh. Akamtungia shairi, na humo akampa jina jipya. Alichukua Van ya Vanhomrigh. Akachukua Essa, jina la kumdekeza Esther. Akaunganisha: Vanessa! Shairi lilichapishwa mwaka 1726.”

“Na wewe je?”

“Mimi? Mtaalamu wa wadudu kutoka Denmark, Johan Christian Fabricius, aliliita kundi letu la vipepeo Vanessa mwaka 1807. Haya, piga hesabu.”

Binti akahesabu kwa vidole. Vidole vikaisha. Akaokota kijiti, akaandika mchangani. Akaruka juu.

“Miaka 81! Jina la mtu lilitangulia!”

“Lilitangulia. Na Wagiriki wa leo wananiita petalouda. Unaisikia Vanessa humo?”

“Siisikii!”

“Basi umegonga.”

Mmeona, wapwa zangu? Hilo ndilo swali la pili: kipi kilitangulia? Orodha haikuwa na mwaka hata mmoja. Miaka miwili tu, 1726 na 1807, ikatosha kuonyesha ufa. Tena napenda mno kwamba binti hakununa. Alirudi ndani na kumweleza mama yake habari nzuri kuliko ile ya simu: kwamba jina lake lilitungwa kwa ajili ya mtu mmoja tu, kutokana na majina ya mtu huyo mwenyewe.

“Mjomba, Juma ni Ijumaa. Mbona Juma wa jirani alizaliwa Jumatano?”

Lo, hilo ndilo nililokuwa nalisubiri! Tukamuulize bibi yake. Bibi anasema: “Huyu amerithi jina la babu yake. Babu ndiye aliyezaliwa Ijumaa.” Kwa hiyo orodha haikukosea, na bibi hakukosea. Maana ya jina ni jambo moja. Sababu ya kupewa jina ni jambo jingine. La kwanza unaweza kulipata kwenye kamusi, au kwa wenye lugha. La pili halimo kwenye simu yoyote duniani. Limo nyumbani kwenu, kwa aliyekupa jina.

Basi leo jioni muulizeni aliyewapa majina: kwa nini hili, na lilitoka kwa nani? Andikeni daftarini jina, lugha yake, mwaka, na nani aliyewasimulia. Na mtoto mwingine akizaliwa nyumbani, muwe wa kwanza kuuliza.