Hali za mchezo katika Minecraft

Hali za mchezo katika Minecraft ni taratibu zinazoamua mambo ambayo mchezaji anaweza kufanya ndani ya ulimwengu wake. Minecraft ni mchezo wa video wa kujenga, uliobuniwa na Markus Persson wa Uswidi. Toleo lake kamili lilitolewa na kampuni ya Mojang tarehe 18 Novemba 2011.

Katika hali ya kuishi, mchezaji hutafuta vifaa mwenyewe, husikia njaa na huweza kufa. Katika hali ya ubunifu hupata vifaa bila kikomo na huweza kuruka angani.

Ili kubadilisha hali kwa amri, ulimwengu sharti uwe unaruhusu amri. Mchezaji hufungua sehemu ya kuandikia ujumbe, kisha huandika /gamemode creative kwa ubunifu au /gamemode survival kwa kuishi. Anayerudi katika hali ya kuishi akiwa angani huanguka na huenda akafa, kwa hiyo hana budi kutua kwanza. Katika toleo la Bedrock, ulimwengu uliowahi kuwekwa katika hali ya ubunifu hautoi tena tuzo za mafanikio, hata ukirudishwa katika hali ya kuishi.