Kujipiga video: lini inakuwa sanaa?

Ukijipiga video kwa simu hapo Tukuyu, hiyo ni sanaa? Inategemea unataka kusema nini.

Mtazame Ingrid Mwangi. Alizaliwa Nairobi mwaka 1975, baba Mkenya na mama Mjerumani, akahamia Ujerumani akiwa na miaka 15. Kule alionekana mweusi, Kenya alionekana mzungu.

Mwaka 2000 alitoa kazi ya video ambayo jina lake lina neno la Kijerumani la kumdharau mtu mweusi. Usitegemee hadithi kama kwenye filamu za Bongo. Anachukua rasta zake na kuzisuka mbele ya uso mpaka zinakuwa barakoa. Nywele zinazowafanya watu wamshangae, ndizo anazojifichia huku akituangalia.

Baadaye, katika kazi yake Static Drift ya 2001, aliweka kiolezo tumboni, jua likamwachia ramani: Afrika na Ujerumani. Mchuma chai wa Rungwe hahitaji kuelezwa jinsi jua linavyochora mpaka wa mkono wa shati.

Mwaka 2005 yeye na mumewe, Robert Hutter, waliunganisha majina, wakawa msanii mmoja: IngridMwangiRobertHutter.